Ukishasaini barua ya kuacha kazi, fao usiliulize

Kiwanda chetu Chang'ombe kilipunguza watu. Bosi akasema niandike barua ya kuacha kazi ili nipewe mkono wa kwaheri haraka. Sasa NSSF wamenikatalia fao la kukosa ajira. Kosa langu nini? – Msomaji, Temeke

Kosa ni hiyo barua. Nimeshaliandika hili mpaka wino umekauka, na bado kila wiki linakuja. Fao la kukosa ajira ni la aliyeachishwa, halimhusu aliyeacha mwenyewe. Aliyechangia angalau miezi 18 na akapoteza kazi bila kupenda hulipwa theluthi moja ya mshahara wake kwa miezi sita. Wewe kwa maandishi yako umesema umependa.

Bosi hakukuonea huruma. Sheria ya kazi inamtaka akimwachisha mtu aliyetimiza mwaka amlipe kiinua mgongo, mshahara wa siku saba kwa kila mwaka wa kazi, mwisho miaka kumi. Kabla ya kupunguza watu anatakiwa pia atoe taarifa na kushauriana nao. Barua yako imempunguzia yote hayo, na mkono wa kwaheri aliokupa huenda ni mdogo kuliko haki yako mwenyewe.

Kama ulilazimishwa, nenda CMA, Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, na ushahidi: ujumbe wa simu, wenzako waliokuwepo. Madai ya kuachishwa isivyo halali yana siku 30. Zikipita, itabidi kwanza uombe kuongezewa muda na ueleze ulikuwa wapi. "Nilikuwa natafakari" haikubaliki.

Mume wangu amepata kiharusi. Bima yake ya maisha ina kipengele cha kusamehewa ada akipata ulemavu. Tumesimamisha malipo mwezi huu, sawa? – Mama wa watoto watatu, Mbagala

Si sawa, mama. Rudisheni malipo leo.

Msamaha wa ada hauanzi siku ya kuugua. Unaanza kampuni ikishapokea madai, ikaona ripoti ya daktari, na muda wa kusubiri ukaisha. Mikataba mingi huweka miezi sita ya ulemavu mfululizo. Katikati hapo ada inaendelea kudaiwa, na kwa kawaida hurudishwa madai yakikubaliwa. Mkiacha, bima inaweza kufa kabla hamjasamehewa chochote. Angalia pia mkataba unasema "ulemavu" ni nini: kushindwa kazi yake, au kushindwa kazi yoyote? Maneno hayo mawili yana umbali wa Mbagala na Bunju.

Na msamaha huo hauleti hela nyumbani, unaiweka tu bima hai. Kama alikuwa anachangia NSSF, ulizia pensheni ya ulemavu. Hiyo ni njia nyingine kabisa, ina bodi yake ya madaktari.

Nikifukuzwa kazi, ada ya bima inasamehewa? – Kimara

Hapana, labda mkataba useme. Soma mkataba.

Mashine imenikata vidole viwili. Bosi anasema WCF (Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi) hainihusu kwa sababu sijawahi kuchangia. – Fundi, Buguruni

Mfanyakazi hachangii WCF hata senti. Anayechangia ni mwajiri, na akikukata mshahara kwa jina hilo anavunja sheria. Toa taarifa ya ajali kwa maandishi, ubaki na nakala. Ukiwa nje ya kazi kwa muda, fidia ni asilimia 70 ya mshahara, isiyozidi miezi 24. Ulemavu wa kudumu hupimwa kwa asilimia: usiozidi 30 hulipwa kwa mkupuo, zaidi ya hapo ni pensheni ya kila mwezi. Usikubali kumalizana na bosi kwa bahasha.

Benki ilinikata bima ya mkopo. Nimepunguzwa kazi, mbona wananidai? – Ilala

Kwa sababu bima nyingi za mikopo ni za kifo na ulemavu wa kudumu, na wewe uko hai na mzima. Omba nakala ya mkataba wa bima, uone kama kupunguzwa kazi kumo. Kama hakumo, nenda benki ukaombe kupangiwa upya marejesho kabla hawajakufuata.

Kampuni ya bima imegoma kulipa. Niende polisi? – Tandika

Polisi wa nini? Andika malalamiko kwa kampuni kwanza, wakujibu kwa barua. Usiporidhika, chukua barua hiyo uende kwa Msuluhishi wa Migogoro ya Bima. Na usiende na wakala aliyekuuzia.