Barua kwa mwanangu: kuhusu kuhama

Mwanangu,

Umeniuliza kama uhame hapo, kwa kuwa ghorofa nzima hakuna anayekujua hata jina. Ngoja kwanza nianze na saa unazokaa na watu.

Urafiki ni saa, nimekwambia tangu shule. Jeffrey Hall, mtafiti wa Marekani, alikadiria mwaka 2018 kwamba mtu unayemjua juu juu huwa rafiki wa kawaida baada ya saa 50 hivi za kuwa pamoja, rafiki hasa baada ya 90, na wa kufa na kuzikana baada ya zaidi ya 200. Saa za kazini hazisaidii sana. Wewe unatoa saa 2 kwa wiki. Saa 50 ni wiki 25. Kwaya uliiacha wiki ya tano. Hawakukukataa, ni wewe hukungoja.

Shika shughuli moja, siku ileile. Wahi dakika 10 na uondoke mwisho, maana watu husemezana wakipanga viti na wakivikusanya. Jina litaje mapema: wale mnaoonana kituoni kila asubuhi bila salamu, kadiri siku zinavyopita ndivyo ulimi unavyokuwa mzito. Usianze na mwaliko wa chakula, humtia mtu deni. Azima kitu kidogo, kirudishe kesho yake. Mmeshaonana mara mbili.

Shangazi yako, na ubishi wake unaujua, alitaka chumba cha mwisho wa korido apate utulivu. Akapewa cha jirani na ngazi. Alinung'unika weee! Baadaye kila apitaye akawa anamjulia hali, na alipopewa kile alichokitaka akakikataa. Bado nacheka. Na si yeye tu: Leon Festinger, mwanasaikolojia wa Marekani, na wenzake waliyaona hayohayo kwenye nyumba za wanafunzi, wakayachapisha mwaka 1950. Aliyekaa penye njia ya watu alipata marafiki zaidi.

Kumbe basi nyumba nayo ina neno? Ina. Lakini ukihama, saa zako zinaanza sifuri, na urafiki ni saa. Ila tena, kama mlango wako haupitiwi na mtu...

Sikuamulii, ingawa ulimi unaniwasha. Kodi unalipa wewe. Ukihama, ulizia chumba cha karibu na ngazi. Na hiyo kwaya, bado wanakutana siku ileile?

Mamako