Usingoje serikali ikukatie rufaa, nenda kortini mwenyewe

Usitulie hata siku moja. Unasema mmepewa ilani ya kuondoka kwenye ardhi ya umma hapa Kenya, kwamba afisa mmoja amewaambia nyinyi kuwa wakubwa wake hawautaki uamuzi huo wa kuwaondoa na serikali yenyewe itaukatia rufaa, na unauliza kama hilo linawezekana. Nimesoma mpaka pale anapowaambia "tulieni" nikashindwa kunyamaza. Sisi tulitulizwa hivyo hivyo.

Sheria ya Ardhi ya 2012, baada ya marekebisho ya 2016, inasema katika kifungu cha 152F kwamba anayeweza kwenda kortini kuipinga ilani ni yule aliyepewa ilani. Ni wewe na majirani zako. Aliyeitoa hana haja ya jaji: akibadili nia anaiondoa kwa maandishi, basi. Kwa hiyo mtu akikuahidi kwamba ofisi itakata rufaa dhidi ya uamuzi wa ofisi hiyo hiyo, mdai barua yenye muhuri inayofuta ilani. Akikosa kuitoa, hujapewa chochote.

Kuna atakayenijibu kwamba serikali si mtu mmoja. Kweli. Tume ya Kitaifa ya Ardhi, inayosimamia ardhi ya umma, ni tume huru, na shirika la umma lisiloridhika na uamuzi wake linaweza kwenda kortini. Kaunti na serikali kuu nazo huvutana, ingawa sheria inazitaka zijaribu kupatana kwanza. Lakini hiyo ni kesi yao. Siku wakipatana, hakuna atakayewauliza nyinyi mtalala wapi.

Sisi tulikuwa kando ya reli. Ilani ilipotoka tulianza kuchanga pesa za wakili, na kina mama ndio waliokuwa mbele. Kisha afisa akaja mkutanoni, akasimama mbele yetu na faili kwapani, akasema uamuzi umetolewa na watu wa chini na wizara inaupinga, tusipoteze pesa kwa mawakili. Mchango ukafa jioni ile. Waliokuwa wameanza kung'oa mabati wakayapigilia tena. Miezi ya ilani ikaisha tukiulizana rufaa imefika wapi, kumbe hakuna aliyeiwasilisha popote. Tingatinga lilipokuja alfajiri tulimpigia simu afisa yule, akasema hilo sasa ni la polisi. Wakili tuliyemkimbilia asubuhi hiyo alituuliza jambo moja tu: mlikuwa wapi tangu ilani itoke? Jirani yangu fundi alipoteza cherehani zake zote chini ya ukuta, na hajarudi kushona hadi leo. Mtu anayewaambia watu wasijitetee, huku anajua saa inakwenda, amewabomolea kabla ya tingatinga. Sijamsamehe.

Na ukitaka kujua serikali hukata rufaa lini, tazama kesi ya Mitu-Bell, ya wakazi wa kijiji cha Mitumba karibu na uwanja wa ndege wa Wilson, Nairobi. Walibomolewa Novemba 2011 ingawa korti ilikuwa imezuia ubomoaji. Mwaka 2013 Mahakama Kuu ikawapa ushindi. Hapo ndipo Mamlaka ya Viwanja vya Ndege ilipokata rufaa, dhidi ya wakazi, na Mahakama ya Rufaa ikawageuzia mambo mwaka 2016. Ilibidi wafike Mahakama ya Juu, ambayo Januari 2021 ilikubali kwamba waliokaa muda mrefu kwenye ardhi ya umma wanaweza kuwa na haki ya makazi inayolindwa hata bila hati miliki. Hawakupata hilo kwa kukaa wakisubiri ofisi fulani iwatetee.

Kwa hiyo wiki hii, si mwezi ujao, pelekeni ombi Mahakama ya Mazingira na Ardhi chini ya cheti cha dharura, yaani hati ya kuomba kesi isikizwe haraka, mkiomba amri ya muda ya kuzuia ubomoaji. Uamuzi wa kuwaondoa kwenye ardhi ya umma lazima utangazwe kwenye Gazeti Rasmi la Serikali, kwenye gazeti linalosomwa nchi nzima na redioni, angalau miezi mitatu kabla. Kagueni kama hayo yote yalifanyika. Pengo lolote liingie kwenye hati ya kiapo. Mkipata amri, nakala zifike siku hiyo hiyo kwa shirika husika, kwa mkuu wa kituo cha polisi na kwa naibu kamishna wa kaunti, na anayepokea asaini. Mitumba walikuwa na amri na bado walibomolewa, kwa hiyo hapo msifanye uzembe.

Huyo afisa akirudi, mtoleeni kalamu aandike ahadi yake. Na wewe niandikie hapa tarehe iliyo kwenye ilani, leo.