Swali la msomaji: Matokeo ya Bunge la Ufilipino kwa kanda, mbona hesabu hazifungi?

SWALI: Naandaa jedwali la matokeo ya uchaguzi wa Bunge la Ufilipino kanda kwa kanda, mwaka 2022 na 2025. Nimekwama. Central Visayas imepoteza viti vinne vya majimbo kati ya chaguzi hizo mbili na sioni sababu. Nikijumlisha kura za maseneta za kanda zote sifikii jumla ya taifa. Asilimia za maseneta hao nazo zinapita 100 kwa mbali. Na nikiuliza chama gani kimeongoza kanda ipi, kila chanzo kina jibu lake. Nakosea wapi?

JIBU: Tatizo linaanzia kwenye neno "kanda" lenyewe. Katika uchaguzi wa Ufilipino, kanda haimchagui mbunge wala seneta. Mbunge wa jimbo anachaguliwa na jimbo lake. Maseneta na viti vya orodha ya vyama (viti vya Baraza la Wawakilishi vinavyogawiwa vyama badala ya majimbo) vinapigiwa kura na nchi nzima kama jimbo moja. Kanda ni mgawanyo wa ofisi za serikali kuu, na ukiondoa Bangsamoro iliyo kusini, hakuna yenye serikali yake yenyewe. Mtanzania afikirie Kanda ya Ziwa: inatajwa kila siku, lakini hakuna mbunge wa Kanda ya Ziwa.

Fuata njia ya fomu utaona. Matokeo ya kituo yanakwenda kwenye bodi ya mji au manispaa, kisha bodi ya mkoa, kisha taifa, ambako Tume ya Uchaguzi (Comelec) inakaa kama bodi ya kitaifa ya kujumlisha kura za maseneta na za orodha ya vyama. Miji mikubwa yenye majimbo yake, kama Cebu City, inaruka ngazi ya mkoa na kupeleka cheti chake moja kwa moja taifani. Katika mnyororo huo wote hakuna cheti cha kanda. Kwa hiyo kila jedwali la kanda unaloliona mtandaoni kuna mtu alilijumlisha mwenyewe, kwa ramani aliyoichagua yeye.

Hapa chini nikisema kanda namaanisha ngazi ya juu, mkoa ni ule ulio chini yake (Cebu, Bohol), na jimbo ni eneo la mbunge. Tafsiri nyingi huziita zote "mkoa", na fujo inaanzia hapo.

Viti vinne vya Central Visayas

Havijapotea, vimehamia kanda nyingine. Mwaka 2022 kanda hiyo ilikuwa na Cebu (mkoa, majimbo 7), Cebu City (2), Lapu-Lapu (1), Mandaue (1), Bohol (3), Negros Oriental (3) na Siquijor (1): jumla 18. Juni 2024 ilitiwa saini sheria ya kuanzisha Negros Island Region, ikachukua Negros Oriental na Siquijor kutoka hapo, na Negros Occidental (6) pamoja na Bacolod (1) kutoka Western Visayas. Central Visayas ikabaki na 14, Western Visayas ikashuka kutoka 19 hadi 12, na kanda mpya ikaanza na 11. Jumlisha 18 na 19 unapata 37. Jumlisha 14, 12 na 11 unapata 37 hiyohiyo. Hesabu ya namna hii ifanye kila unapohamisha mkoa.

Ukirudi nyuma zaidi ndiyo mtihani. Kanda ya Negros iliwahi kuwepo: Rais Benigno Aquino III aliiunda kwa amri Mei 2015, Rais Duterte akaifuta Agosti 2017, na mara ile Siquijor haikuwemo. Maana yake uchaguzi wa 2013 hauna kanda hiyo, wa 2016 unayo, wa 2019 na 2022 hauna, wa 2025 unayo tena, tena ikiwa na mipaka tofauti. Ukichora mstari wa miaka kumi wa "Central Visayas" bila kulijua hilo, utakuwa unalinganisha maeneo matatu tofauti chini ya jina moja.

Kusini ndiko kugumu zaidi. Mwaka 2022 Sulu, yenye majimbo 2, ilihesabiwa ndani ya Bangsamoro. Septemba 2024 Mahakama ya Juu iliamua kwamba Sulu si sehemu ya kanda hiyo, kwa kuwa wapiga kura wake walikataa kwenye kura ya maoni ya 2019. Ilipangiwa Zamboanga Peninsula Julai 2025, yaani baada ya uchaguzi wa 12 Mei 2025. Siku ya kupiga kura Sulu haikuwa na kanda. Nashauri uipe mstari wake peke yake kwenye jedwali la 2025. Kuisukuma upande wowote ni kuamua jambo ambalo siku hiyo halikuwa limeamuliwa.

Na Isabela City ndiyo inayowaangusha hata wazoefu. Mji huu uko kisiwani Basilan na ni sehemu ya mkoa wa Basilan, lakini ulikataa kujiunga na kanda ya Waislamu (iliyotangulia Bangsamoro) mwaka 2001, ukakataa tena 2019. Kwa hiyo kiutawala uko Zamboanga Peninsula, huku mkoa uliobaki uko Bangsamoro. Mbunge ni mmoja kwa wote. Ukijumlisha kura za maseneta, Isabela unaweza kuitoa na kuipeleka Zamboanga, kwa sababu kura zake zinajulikana mji kwa mji. Ukihesabu viti, kiti hakikatwi nusu: kiweke Bangsamoro, kisha uandike chini ya jedwali kwamba sehemu ya wapiga kura wake wako kanda nyingine.

Kwa nini kanda zote hazifikii jumla ya taifa

Kuna kura zisizo na kanda. Wafilipino walio nje ya nchi, wakiwemo wale wengi wa Dubai, Riyadh na Hong Kong, wanapiga kura za rais, makamu wake, maseneta na orodha ya vyama, lakini si za mbunge wa jimbo. Wapo pia askari, polisi, watumishi na wanahabari wanaopiga kura mapema kwa sababu ya kazi. Hao nao wanachagua nafasi za kitaifa tu. Weka mistari miwili ya ziada, "nje ya nchi" na "kura za mapema", ndipo maseneta watafunga. Kwenye kura za wabunge wa majimbo mistari hiyo ibaki tupu. Ukiona ina namba, umevuta faili lisilo lenyewe.

Angalia pia kama faili lako ni la usiku wa uchaguzi. Mei 2025 matokeo ya awali yaliyorushwa kwa vyombo vya habari yalikuwa na fomu zilizohesabiwa mara mbili, na jumla zikashuka zilipoondolewa. Takwimu za usiku ule usizitumie kabisa. Chukua zile za vyeti vya kujumlishia.

Asilimia za maseneta

Kila miaka mitatu wanachaguliwa maseneta 12 kati ya 24, na mpiga kura anaruhusiwa kutia alama hadi majina 12. Ukigawa kura za kila mgombea kwa idadi ya waliopiga kura, jumla ya asilimia inaweza kinadharia kufika 1,200. Hilo si kosa. Bong Go aliyeongoza mwaka 2025 alipata takriban kura milioni 27.1, na waliojitokeza walikuwa takriban milioni 57.3, kwa hiyo ni kama asilimia 47: karibu nusu ya wapiga kura walimweka kwenye orodha yao. Hiyo ndiyo tafsiri yake.

Kosa ni kugawa kwa jumla ya kura zote walizopata maseneta. Ukifanya hivyo Go huyohuyo atashuka sana na atafanana na mgombea dhaifu. Tatizo lingine ni kwamba mtu anaweza kutia alama majina matano tu, na idadi hiyo hubadilika mahali kwa mahali. Kabla ya kulinganisha kanda mbili, gawa jumla ya kura za maseneta kwa waliojitokeza katika kila kanda. Kanda yenye wastani wa 6 na yenye wastani wa 9 hazisomeki kwa jicho moja.

Orodha ya vyama

Hapa kanda haina kazi kabisa, hata kama jina la chama linanukia kanda. Ako Bicol kinavuna Bicol na Tingog kinavuna Leyte na jirani zake, lakini kinachohesabiwa ni asilimia ya taifa. Mlinganisho na viti maalumu vya Tanzania usiufanye. Huku mpiga kura anatia alama nyingine, tofauti na ile ya mbunge wa jimbo.

Chukua 2022 uone hesabu inavyokwenda. Katiba inataka viti vya orodha viwe asilimia 20 ya Baraza zima la Wawakilishi. Majimbo yalikuwa 253. 253 ÷ 4 ni 63.25, kwa hiyo viti 63. Kura halali za orodha zilikuwa takriban milioni 36.8, na hiyo ndiyo namba ya kugawia. Waliojitokeza, zaidi ya milioni 55, usiwaguse, kwa kuwa wengi huacha sehemu hiyo wazi.

Hatua ya kwanza: kila chama chenye asilimia 2 au zaidi kinapata kiti kimoja. Vilikuwa 6. Vinabaki viti 57. Hatua ya pili: zidisha 57 kwa asilimia ya kila kimoja cha hivyo sita na uchukue namba nzima tu. ACT-CIS, chenye asilimia 5.74, kinatoa 3.27, lakini hakuna chama kinachoruhusiwa kuzidi viti 3 kwa jumla, kwa hiyo kinaongezewa 2 tu. Ako Bicol, chenye 2.22, kinatoa 1.26, kinaongezewa 1. Vingine vinne pia vikapata 1 kila kimoja. Hadi hapo vimetoka viti 13. Hatua ya tatu: viti 50 vilivyobaki vinagawiwa kimoja kimoja kushuka na orodha, hata kwa vyama vilivyo chini ya asilimia 2, hadi viishe. Utaratibu huu unatokana na hukumu ya Mahakama ya Juu ya 2009 katika kesi ya BANAT. Ukikuta maelezo yanayosema chini ya asilimia 2 hakuna kiti, ni ya kabla ya hapo.

Kwenye jedwali lako la kanda, onyesha kura za orodha ukitaka, ila viti usivigawe.

Chama kipi kimeongoza

Vyanzo vinatofautiana kwa sababu vimehesabu tarehe tofauti. Wabunge wa Ufilipino huhama chama kwa wepesi, hasa kuelekea upande wa rais mpya. Mwaka 2016 chama cha Liberal kilishinda zaidi ya viti 100 vya majimbo na PDP–Laban ya Duterte ikashinda 3. Muda mfupi baadaye Spika mpya, Pantaleon Alvarez, alikuwa wa PDP–Laban na wabunge walikuwa wakimiminika huko. Jedwali la Mei na la Desemba mwaka uleule ni kama nchi mbili.

Tumia kifupisho cha chama kilichochapwa kando ya jina la mgombea kwenye karatasi ya kura, na useme hivyo. Vyama vya mkoa kama One Cebu viache na jina lao hata kama vina ushirika na chama cha kitaifa. Viti vinavyobaki wazi baadaye pia usivihesabu: jimbo la 3 la Negros Oriental lilikosa mbunge baada ya Baraza kumfukuza Arnolfo Teves Jr. Agosti 2023, lakini katika matokeo ya 2022 kiti hicho kina mshindi.

Kura za vyama kwa kanda zisome kwa tahadhari pia. Mwaka 2022 Martin Romualdez wa Lakas–CMD aligombea bila mpinzani jimbo la 1 la Leyte. Asilimia yake ni 100 ya kura halali, na inaivimbisha Lakas katika Eastern Visayas yote. Weka safu ya kutia alama majimbo yasiyo na ushindani, kisha toa asilimia ya kanda mara mbili: ukiwa nayo, na usipokuwa nayo.

Kulijenga jedwali

Anza ngazi ya mji na manispaa. Ziko zaidi ya 1,600, kompyuta ya kawaida inazimudu. Kila mstari uwe na mkoa, jimbo, kanda ya 2022 na kanda ya 2025 katika safu mbili tofauti. Mji wenye majimbo zaidi ya moja ugawe kwa jimbo. Misimbo ya maeneo ya ofisi ya takwimu ifungue kama maandishi, si namba. Ilocos inaanza na 01, na programu ya jedwali ikila sifuri hiyo, msimbo wa tarakimu 10 unabaki na 9 na Ilocos nzima haitaoana na kitu chochote. Baadhi ya matoleo ya misimbo hiyo pia yanagawa Metro Manila katika "district" nne za kitakwimu, ambazo si majimbo. "First District" hapo ni jiji la Manila zima, lenye majimbo 6.

Ukioanisha kwa majina, daima tumia jina pamoja na mkoa. Quezon ni mkoa, Quezon City ni jiji la Metro Manila, na kuna manispaa za Quezon huko Bukidnon na Palawan. Cotabato ni mkoa, Cotabato City iko kanda nyingine. Davao de Oro kabla ya kura ya maoni ya Desemba 2019 iliitwa Compostela Valley. Maguindanao iligawanyika mikoa miwili Septemba 2022, miezi minne baada ya uchaguzi. Na Parañaque, Las Piñas na Biñan zitafute kwa jicho: herufi ñ ikiharibika wakati wa kufungua faili, mistari hiyo itadondoka kimyakimya bila onyo lolote, na utaona tu kwamba Metro Manila na mkoa wa Laguna (iliko Biñan) zina wapiga kura pungufu.