Mlango wa gari si ngao: usiufunge wakati mzuka unapoanza msako

Usiufunge huo mlango, mdogo wangu. Umeandika kutoka Wete ukiuliza mambo matatu kuhusu gari la wachunguzi katika Phasmophobia, mchezo wa kompyuta ambao wachezaji huingia nyumba yenye mzuka ili kuutambua ni wa aina gani: kitufe gani kinaliendesha, kamera zinabadilishwa vipi kwenye kompyuta yake, na kama ni kweli alivyokwambieni bingwa wenu kwamba aliyebaki garini anapaswa kuufunga mlango mara tu mzuka unapoanza msako, yaani unapowawinda wachezaji na kuwaua, ili usije ukamfuata. Hilo la mwisho umelitia chini kabisa kama jambo lililokwisha kukubalika, na umesema kuwa leo usiku baada ya sala ya Isha ndivyo mtakavyocheza. Nakuomba usome haya kabla hamjaingia, kwa sababu ushauri huo huo ndio uliotuharibia kazi ngumu kuliko zote tulizozifanya sisi huku Unguja, na inaniuma kuona kwamba bado unatembea na sasa umeshavuka bahari mpaka Pemba.

Kwanza fahamu kwamba gari hili haliendeshwi. Hakuna usukani utakaoushika wala moto utakaouwasha. Limeegeshwa nje ya nyumba tangu kazi inapoanza, na litabaki hapo hapo mpaka kazi imalizike. Kidhibiti chenye nguvu ni kimoja tu, nacho ni kile kibao cha namba kilichopo ukutani karibu na mlango. Mwanzoni mnakibonyeza ili mlango ufunguke mtoke. Baadaye mtu akikibonyeza tena, mlango unafungwa, na hapo mchezo haufahamu kwamba mtu huyo ameogopa. Unachofahamu ni kwamba kazi imekwisha na mnataka kuondoka. Zinapita sekunde chache, kisha unaangalia kama kuna mchezaji aliye hai aliyebaki nje ya gari. Akiwepo hata mmoja, gari haliondoki. Asipokuwepo, kazi inafungwa pale pale, na mnalipwa kwa yale tu yaliyokuwa yamekamilika mpaka dakika hiyo.

Yasome tena maneno hayo, “aliye hai”, kwa sababu maafa yote yamo humo. Waliokufa hawahesabiwi. Wenzako watatu wakiwa wamelala sakafuni ndani ya nyumba na wewe ukabaki peke yako garini, basi wote walio hai wako garini. Ukiufunga mlango kwa ajili ya kujilinda, umekwisha kuondoka.

Ndivyo ilivyotufika. Tulikuwa wanne, ambao ndio wengi kabisa wanaoruhusiwa katika kazi moja, tukiwa katika nyumba ya Tanglewood kwa ngazi ngumu inayoficha dalili moja kati ya tatu za mzuka. Tulikuwa tumeshapata mbili: kipimo cha nguvu za sumaku-umeme (EMF) kilifika 5, na chumba kilikuwa na baridi kali. Kwa dalili hizo mbili, aina za mizuka zinazobaki ni Jinn, Oni, Shade na The Twins. Binamu yangu mdogo, aliyekuwa akisimamia skrini garini, alikuwa ametuambia kwa redio kwamba wastani wa utulivu wa akili wa timu ulikuwa zaidi ya arubaini kwa mia wakati wa msako wa kwanza, na kwa habari hiyo moja tukaifuta Shade, ambayo haianzi msako mpaka wastani ushuke na kufika asilimia 35. Alifanya kazi nzuri sana, na nataka hilo lijulikane. Katika msako ule wa kwanza mwenzetu mmoja alikuwa ameshakufa. Tulikuwa tumebaki kuiangalia swichi kuu ya umeme, kwa kuwa Jinn haizimi swichi hiyo kwa mkono wake, na mzuka mwengine unaweza kuizima. Hakuna hata mmoja wetu aliyekuwa ameshaandika jibu katika daftari lake, kwa sababu tulikuwa tunataka uhakika.

Ukaanza msako wa pili. Rafiki yangu alikamatwa jikoni, nami nikajificha katika kabati la chumba cha kulala. Garini, binamu yangu alisikia redio ikikwaruza, akaona kwenye skrini mstari wa harakati za mzuka umepanda juu kabisa, akakumbuka alichofundishwa, akakibonyeza kibao. Nje ya gari mtu aliye hai nilikuwa mimi peke yangu. Kabla sekunde zile hazijakwisha mzuka ulilifungua kabati. Nilikufa, na mchezo ulipotazama ukaona kwamba kila aliye hai yumo garini na mlango umefungwa. Nikawa napiga kelele, naye hanisikii, maana sauti ya aliyekufa haiwafikii walio hai. Kazi ikafungwa. Daftari lake lilikuwa tupu na la kwangu tupu, picha hazikutimia, na kwa kuwa katika ngazi ngumu kifo huondoka na vifaa vya marehemu, sisi watatu tukapoteza vifaa tulivyokuwa tumevikusanya kwa wiki nyingi. Laiti mlango ungebaki wazi, kijana yule angekaa palepale salama, msako ungekwisha, angekuwa na muda wote anaoutaka wa kuitazama swichi kuu na kuandika jina la mzuka, na malipo ya kuutambua yangeingia kwake.

Sasa nimseme aliyetufundisha, bila ya kumtaja. Ni mtu mzima anayeendesha chumba cha kuchezea, ambako vijana wengi wa mtaani kwetu walianzia, na ambako neno lake lilikuwa likichukuliwa kama hukumu. Alitwambia kwa kujiamini kabisa kwamba mzuka ukiukuta mlango wa gari uko wazi utaingia. Hakuwahi kuliona jambo hilo. Alilisikia kwa mtu, likampendeza, akalifundisha. Nilipomrudia na kumueleza yaliyotupata, akanijibu kwamba bila shaka tulichelewa kuufunga. Sikuwa na hasira juu ya fedha za mchezo. Nilikasirika kwa sababu mtu anayekusanya watoto wa watu na kuwafundisha ana wajibu wa kulijaribu jambo mwenyewe kwanza, na kama hakulijaribu basi anyamaze. Huyo bingwa wenu wa Wete, kama ni muungwana, muulizeni kwa adabu ni lini aliuona mzuka ndani ya gari. Mchezo huu ulitoka tarehe 18 Septemba 2020 ukiwa bado unajengwa, na Kinetic Games ya Uingereza imekuwa ikiubadilisha tangu hapo, kiasi kwamba mwaka 2023 vifaa vyote viligawiwa upya katika daraja tatu. Kwa hiyo mtu anaweza kukuambia jambo la zamani kwa nia njema. Lakini hili la mzuka kuingia garini sijalikuta katika toleo lolote nililolicheza.

Na sababu yake ni nyepesi. Msako unapoanza, mlango mkubwa wa nyumba hujifunga. Waliomo ndani hawawezi kutoka, na mzuka nao haubebi miguu yake mpaka barabarani. Kilichofungwa ni nyumba, kwa hiyo gari lenye mlango wazi lina usalama ule ule wa gari lenye mlango uliofungwa. Ule mlango ni kama ngazi ya boti pale bandari ya Malindi: ikishavutwa, maana yake ni safari, na hakuna baharia anayeivuta kwa sababu ameona wingu.

Kwa hiyo kanuni ni hii, na ninakuomba uwafundishe wenzako kama ilivyo: mlango wa gari haufungwi mpaka kila mchezaji aliye hai awe amesema kwa sauti jina la mzuka aliloliandika katika daftari lake. Kusema “mimi tayari” hakutoshi. Alitaje jina lenyewe. Daftari ni la kila mtu na malipo ya jibu ni ya kila mtu. Wewe ukiandika Oni na mwenzako akasahau kuandika, wewe utalipwa na yeye hatalipwa, na mtagundua hayo wakati hakuna tena la kufanya. Kutaja jina kunafichua pia kama wawili kati yenu wanafikiria mizuka tofauti, na bora ubishane na ndugu yako garini, mlango ukiwa wazi na nyumba bado ipo, kuliko kubishana mkiwa mmesharudi. Halafu abonyeze mtu mmoja tu aliyekubaliwa tangu mwanzo, na wengine wasikikaribie kibao hicho.

Ikiwa umebaki peke yako, kanuni haibadiliki, na hapo ndipo inapohitajika zaidi. Fungua daftari uandike jibu lako bora hata kama huna uhakika, kisha litaje jina hilo kwa sauti japokuwa hakuna anayekusikia. Baada ya hapo tazama ubao wa kazi zilizobaki. Picha ya maiti ya mwenzako nayo hulipwa, kwa hiyo ukiwa na ujasiri, subiri msako ukwishe, ingia na kamera, piga, rudi. Huna haja ya kuharakisha, kwa kuwa gari halitaondoka bila ya wewe.

Utaniuliza mtu wa garini afanye nini wakati wa msako, kama si kufunga mlango. Ana kazi kubwa. Autazame mstari wa harakati, unaokwenda kutoka 0 hadi 10, na ukifika 10 auchukulie kuwa ni msako mpaka atakapothibitisha vyenginevyo. Akumbuke wastani wa utulivu wa akili ulikuwa ngapi wakati msako unaanza, kwa sababu namba hiyo peke yake huondoa majina. Mizuka mingi husubiri wastani ufike asilimia 50. Demon anaweza kuanza kwenye 70, Thaye akiwa bado kijana kwenye 75, Mare kwenye 60 ikiwa taa zimezimwa, na Yokai kwenye 80 ikiwa watu wanazungumza karibu yake. Asiangalie wastani tu, aangalie na namba ya kila mmoja, maana Banshee humchagua mtu mmoja na hufuata utulivu wa huyo huyo, na timu inaweza kujiona iko salama huku mmoja wao ameshakaribia mwisho.

Awe pia mtunza saa wa ubani. Mtu akichoma ubani karibu na mzuka, mzuka wa kawaida hauwezi kuanza msako kwa sekunde 90. Demon huzuiwa kwa sekunde 60 tu, na Spirit huzuiwa kwa sekunde 180. Aliyeko ndani, moyo ukimwenda mbio, hawezi kuhesabu hayo. Aliyekaa garini anaweza, na msako ukianza kwenye sekunde ya sabini, jibu amelipata yeye. Hesabu hii inataka akili iliyotulia mbele ya skrini, na ndiyo sababu nyengine ya kumuondolea mtu huyo wazo la kwamba anapaswa kuukimbilia mlango. Redio hukwaruza wakati wa msako, kwa hiyo asijaribu kuwaita waliomo ndani. Asubiri mpaka itulie, ndipo amuite kila mmoja kwa jina kwa kitufe cha redio, ambacho kwa kawaida ni B kwenye kibodi. V ni kwa wanaosikilizana kwa karibu tu.

Kuhusu kamera, sogelea kompyuta ya garini: kipanya kilichopo mezani ndicho kinachohamisha picha kutoka kamera moja kwenda nyengine, na kibodi iliyopo hapo huwasha na kuzima uoni wa usiku. Uoni huo uwe umewashwa mnapotafuta vile viduara vya mwanga vinavyoelea, ambavyo ni dalili mojawapo ya mzuka, vyenginevyo mtakaa saa nzima na hamtaviona.

Leo usiku, kabla hamjafungua mlango kwa mara ya kwanza, kubalianeni nani atakayekigusa kibao mwishoni. Kama atakayebaki garini ni mdogo au mwoga, mpeni kazi ya kuandika namba za skrini kwenye karatasi kila baada ya dakika moja, akae karibu na kompyuta, na mumwambie wazi kwamba akisikia kelele zote za dunia mlango unabaki wazi mpaka kila mmoja awe ametaja jina la mzuka. Mkimaliza, niandikie mlipata mzuka gani na wastani ulikuwa ngapi msako wa kwanza ulipoanza.