Re: Ukumbi wangu wa kichawi hauna uhai, nisaidieni

Mambo mkuu. Kama nimekupata, ukumbi wa kumtawazia malkia kwenye hadithi yako una nguzo za dhahabu na taa za bluu, na bado wanaokusomea wanasema hawauoni. Mi ilinikuta hiyohiyo.

Cheki kwanza: huo uchawi unamgharimu nani? Mi niliandika kurasa tatu za mapambo afu nikafuta zote, nikabakiza sakafu inayopata moto chini ya nyayo za anayedanganya, basi, wageni wenyewe wakaanza kuhamisha uzito mguu huu mguu ule huku wanatabasamu.

Halafu sauti. Inaenda kama mita 340 kwa sekunde, kwa hiyo hata ukuta ulio mita 17 mbele yako unarudisha mwangwi unaosikika kando na sauti yenyewe. Ukumbi wako umesema una mita 200, yaani kiapo cha malkia kirudi baada ya sekunde moja na ushee, ila anaongea kama yuko chumbani! Tumia hiyo. Mwangwi urudi na neno ambalo hakulitamka (hii chukua bure).

Kile kiti kinachoongea ulichokitaja sijaelewa kinafanya nini pale, hebu tupia hiyo sehemu tuione.