Jibu: Umeshamlipa nusu? Hiyo nusu nyingine kaa nayo

Mkuu, achana na huyo mtu! Nimesoma umempa pesa akuandalie shajara, yaani mti wa ukoo, "mpaka Oman", chai yangu imepoa hapa.

Mimi nilimwaga milioni mbili na ushee. Jamaa hakuuliza jina la babu wala mtaa, aliuliza nisba tu, yaani lile jina la ukoo la mwisho. Al-Harthy. "Aah, Ibra ya Oman hiyo, kazi nyepesi." Wiki tatu baadaye nikaletewa karatasi inang'aa, muhuri wa dhahabu, mababu 14, mti una majani kama kalenda ya duka la dawa. Nikaitia fremu. Shemeji yangu akipita ukumbini alikuwa anaipigia saluti, mshenzi yule.

Sikutosheka. Nikakata tiketi ya Muscat, nikafika Ibra kwenyewe. Wazee wakanikaribisha kahawa na tende. Mmoja akauliza taratibu: "Salim bin nani, bin nani?" Jina la tatu nikakwama. Nikatoa karatasi. Akaisoma mpaka chini, akaikunja, akanirudishia pamoja na tende nyingine. Ile tende mpaka leo haijashuka.

Nimerudi, bibi yetu wa Wete ananiambia huku anachagua mchele: "Babu yenu hakuja na jahazi la kaskazi. Aliletwa kutoka bara, mtumwa wa huyo Harthy. Walipoachwa huru akabaki na jina la bwana wake. Aliyehamia kwa hiari yake ni mkewe, Mngazija." Na kweli, amri ya kufuta utumwa Unguja na Pemba ilitoka 1897, na wengi walioachwa huru walibaki na nisba za mabwana zao. Yule tapeli analijua hilo vizuri, ila angelisema nani angemlipa? Na kwenye mti wake wa mababu 14 hamna mwanamke hata mmoja!

Kwa hiyo bin, bin, bin kwanza, na binti pia. Nisba mwisho kabisa. Ukishapata majina matano kutoka mdomoni mwa mtu aliye hai, ndipo uende ofisi ya Nyaraka za Zanzibar pale Kilimani, Unguja, uulizie hati za mirathi na wakfu. Ukienda na nisba tupu utaletewa Waharthi wote wa dunia.

Uliuliza na kipimo cha vinasaba, sijui na nini tena. Baadaye. Umeandika una bibi Chake Chake ana miaka 90 na bado anakumbuka mambo. Sasa unatuandikia sisi ya nini? Chaji simu, panda boti.