Swali: Vipimo vya Moyo Kutoka Mbali

SWALI: Baba yangu amelazwa wodi ya moyo akiwa amebandikwa elektrodi kifuani, zilizounganishwa na kisanduku kidogo kilichomo mfukoni. Je, ni kweli kwamba wanaanga nao hupimwa hivyo? Na je, baba anaweza kutembea?

JIBU: Ni kweli, ndugu msomaji. Utaratibu huo huitwa telemetria: elektrodi hunasa umeme hafifu wa moyo, kisanduku huutuma kwa mawimbi ya redio, na skrini ya wauguzi huuchora. Vyombo vya angani hutuma vivyo hivyo habari za joto, betri na shinikizo la oksijeni. Neil Armstrong alipotua mwezini mwaka 1969, madaktari waliokuwa Houston, Marekani, kwenye kituo cha kuongozea safari hiyo, waliona moyo wake ukipiga mara 150 hivi kwa dakika. La kuzingatiwa zaidi, kwa maoni yangu, ni safari ya Apollo 15 ya kwenda mwezini mwaka 1971, ambapo madaktari waliokuwa duniani waligundua kwamba moyo wa mwanaanga James Irwin ulikuwa ukipiga bila mpangilio.

Baba anaweza kutembea wauguzi wakimruhusu, mradi asivuke eneo linalofikiwa na antena za wodi. Elektrodi ikibanduka, mwite muuguzi, usiirudishe mwenyewe.